Zamu ya Maji

Mkono wa kushoto wa shangazi yangu una mishipa iliyosimama. Inatokea kwenye kifundo, inagawanyika mgongoni mwa kiganja kama vijito, miwili inakutana karibu na kidole cha pete, mmoja unapotelea kwenye bonde lililo kati ya kidole gumba na cha shahada. Nilipokuwa mtoto nilikuwa naibonyeza kwa ncha ya kidole. Ukibonyeza, mshipa unalala. Ukiachia, unainuka tena taratibu, kama mtu aliyeamshwa usingizini na hana haraka. Yeye aliendelea kupukuchua mahindi kwa mkono wa kulia, ule wa kushoto akaniachia nichezee. Mchezo huo ulinijia akilini siku muuguzi wa zahanati alipomfunga mpira juu ya kiwiko, akaugongagonga mkono uleule kwa vidole viwili, akausugua kwa pamba, akainama kuutazama kwa karibu, halafu akasema maneno ambayo hadi leo sijayapatia mahali pa kuyaweka: "Mishipa imekimbia."

Mishipa hukimbilia wapi? Nilikuwa nimesimama mlangoni na kanga yake mkononi, sijui niifunike miguu au niikunje. Ngozi ya mkono ule ilikuwa tambarare, imepoa, kama bonde ambalo vijito vyake vimekauka. Sakafuni hapakuwa na damu. Kitandani hapakuwa na damu. Jeraha lake pekee lilikuwa nukta chini ya sikio, ndogo kuliko punje ya ulezi, na hata hiyo haikuwa imetoa tone. Damu aliyoamka nayo asubuhi ilikuwa bado ndani ya ngozi yake, na kipimo cha presha kilijazwa upepo, kikaachiwa, kikajazwa tena, bila kupatikana namba ya kuandika. Kumbe mtu anaweza kufa kwa kupungukiwa damu bila kumwaga damu. Nimekaa na jambo hilo tangu siku ile, nikilizunguka kama mtu azungukaye nyumba asiyeuona mlango wake.

Alikuwa nyuki mmoja tu. Tulikuwa tunachuma kahawa, ndoo zimefungwa kiunoni, na juu ya mringaringa uliotupa kivuli kulikuwa na mzinga wa gogo ambao babu aliutundika kabla sijazaliwa. Msimu uliotangulia nyuki wa mzinga huohuo alimdunga kidoleni. Kidole kikavimba, akakichovya kwenye maji baridi, jioni akakisahau. Safari hii alidungwa chini ya sikio, akaukwangua mwiba kwa ukucha, akaendelea kuchuma. Hazikupita dakika 5. Akaanza kujikuna viganja, kisha nyayo, akasema anasikia joto likipanda kutoka tumboni. Midomo ikavimba. Mabaka yakamtoka shingoni, yameinuka, yameungana kama ramani. Halafu akaifungua ile ndoo, akaiweka chini kwa uangalifu kahawa isimwagike, akaniambia kwa sauti ya mtu anayetoa taarifa: "Mwanangu, mimi nakufa." Nilikuja kujua baadaye kwamba vitabu vya tiba vimeiandika hali hiyo miongoni mwa dalili zenyewe: mgonjwa huhisi kifo kimeingia uani, na huhisi hivyo kabla mtu yeyote hajampima chochote. Shangazi hakuwa anaogopa. Alikuwa anasoma habari iliyoandikwa ndani yake.

Ili nielewe ilinibidi nirudi kwenye maji. Sisi watu wa mlima Kilimanjaro tumelelewa na mifongo. Mfongo ni mfereji uliochimbwa kwa jembe ubavuni mwa mlima. Unayachukua maji ya mto huko juu karibu na msitu, unayatembeza kwa mteremko mdogo mno, kihamba (shamba la ukoo) baada ya kihamba, hadi kwa mtu wa mwisho kule chini. Hauna pampu wala mita. Una zamu. Siku ya zamu yake babu alikuwa anatoka na jembe kabla ya jua, anakwenda kwenye kizibo chetu, anaondoa jiwe, anaondoa magome ya mgomba yaliyokandikwa udongo, na maji yanageuka kuingia kwetu kwa sauti ambayo ningeitambua hata nikiwa usingizini. Saa yetu ikiisha anarudisha magome, anakandika udongo kwa kisigino, anaweka jiwe juu. Kuziba kulimchukua muda mrefu kuliko kufungua. Nilimuuliza kwa nini anajisumbua kuziba vizuri namna ile wakati maji si yetu tena. Akasema, "Kufungua hata ng'ombe anaweza, akikanyaga kizibo. Kuziba ni kazi ya mtu."

Mwaka mmoja wa kiangazi kikali watu wa juu walifungua vizibo vyote usiku mmoja. Hawakuwa wezi. Kila mmoja aliiona migomba yake imenyauka, akasema nafungua kidogo tu, naye jirani yake akasema vilevile, na asubuhi mfongo wetu ulikuwa na tope lenye nyayo za kunguru. Babu alipanda kuutafuta mkondo, nikamfuata. Tuliyakuta maji yamelala kwenye mashamba ya juu, yamejaa hadi njiani, yameloweka hata mahali pasipo na mche. Hakuna ndoo hata moja iliyokuwa imetoka mlimani. Maji yalikuwepo yote, na kule chini mbuzi walikuwa wanalia kwa kiu.

Mwili wa mtu mzima una damu ya kiasi cha lita 5, ambayo haijazi hata ndoo moja ya kuchotea maji. Mishipa tuliyopewa inaweza kubeba zaidi ya hapo; ikitanuka yote kwa wakati mmoja, damu haitoshi kuijaza. Kwa hiyo tunaishi kwa zamu. Ukila ukashiba, vizibo vya tumboni hufunguliwa. Ukilikimbilia basi, maji huelekezwa miguuni. Baridi ya Julai ikikukuta nje asubuhi, ngozi hufungiwa ili moto ubaki kwenye moyo, ini na figo. Vizibo vyenyewe ni mishipa midogo mno, matawi ya mwisho ya ateri kabla damu haijaingia kwenye kapilari, nayo imezungukwa na misuli isiyongoja amri yetu. Usiku na mchana misuli hiyo imebana kiasi. Kubana huko ndiko kunakoishikilia presha. Daktari wa Kifaransa, Jean Poiseuille, aliyetaka kujua jinsi damu inavyopita mwilini, alipitisha maji kwenye mirija myembamba ya kioo, na katika miaka ya 1840 akatoa hesabu ambayo bado inanishangaza: mrija ukiongezeka upana mara 2, huku msukumo ukiwa uleule, kinachopita ndani yake huongezeka mara 16. Ndiyo maana jiwe dogo la babu lilikuwa na nguvu. Ndiyo maana misuli midogo isiyoonekana kwa macho ikilegea kidogo tu, kwa pamoja, mwili mzima, moyo hujikuta unasukuma damu kwenye uwanja usio na kingo.

Nani aliyevifungua vizibo vya shangazi? Si sumu ya nyuki peke yake. Sumu ya nyuki mmoja ni kidogo mno kumwangusha mtu mzima. Alifungua mlinzi wake mwenyewe. Kandokando ya mishipa midogo, chini ya ngozi, kwenye koo, kwenye utumbo, kuna seli ambazo Mjerumani Paul Ehrlich, akiwa bado mwanafunzi wa tiba mwaka 1878, aliziona zimejaa chembechembe tele akaziita seli zilizonona, akidhani labda zimelishwa vizuri. Hazikuwa zimeshiba. Zilikuwa zimebeba silaha. Ndani ya chembechembe zile mna histamini, na ikimwagwa, ngozi ya ndani ya mshipa huambiwa ilegeze misuli inayouzunguka, na kuta za vena ndogo huachana mishono yake. Kwa kidonda kidogo hilo ni jambo jema kabisa: mshipa ukitanuka na ukuta ukilegea, askari wa mwili hupita kwenda kwenye mwiba, na kidole huvimba na kuwa cha moto kama kilivyovimba kile cha msimu uliopita. Balaa huja pale kengele iliyopasa kulia kwenye nyumba moja inapolia kijiji kizima. Waliopima wanasema hadi theluthi moja ya maji ya damu, pengine na zaidi kidogo, inaweza kuvuja kutoka kwenye mishipa ndani ya dakika 10. Uvimbe ule wa midomo na wa macho, uliomfanya shangazi afanane na mtu aliyelia siku tatu, ulikuwa maji ya damu yake mwenyewe. Yalikuwa pale usoni pake, naweza kuyagusa, na hayakuwa na njia ya kurudi. Maji yakimwagika hayazoleki.

Kinachonisumbua zaidi ni kile kidole cha msimu uliopita. Mara ya kwanza hakikutokea kitu kikubwa, na sisi tulihesabu hilo kuwa ni heri. Mwaka 1901 Wafaransa wawili, Charles Richet na Paul Portier, walisafiri kwenye meli ya Albert I, mtawala wa Monaco aliyeipenda bahari kuliko kiti chake, wakaichunguza sumu ya kiumbe kinachoelea juu ya maji kama yavuyavu, chenye mikia mirefu inayounguza. Waliporudi Paris wakaendelea kwa sumu ya kiumbe mwingine wa baharini, wakiwapa mbwa dozi ndogo ndogo, kwa tumaini kwamba mwili utazoea na kujikinga. Mbwa mmoja aliitwa Neptunus. Alipewa, hakudhurika, alikuwa mzima na mchangamfu. Wiki kadhaa baadaye akapewa tena, kiasi kidogo, na chini ya nusu saa alikuwa amekufa. Richet alihitaji jina la kitu hicho, mwili uliofundishwa kujilinda ukajifunza kujiua, akaunda kutoka Kigiriki neno lenye maana ya kinyume cha ulinzi: anafilaksia. Walilitangaza mwaka 1902, na mwaka 1913 Richet akapewa Tuzo ya Nobel. Waswahili walikuwa na maneno yao tayari, ya zamani kuliko meli ile: aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Nimekuwa nikiitumia methali hiyo maisha yangu yote kwa watu waoga. Sasa naisikia ikisemwa na seli. Msimu uliopita mwili wa shangazi ulimkumbuka nyuki, ukamtengenezea kingamwili zake, ukazibandika juu ya zile seli zilizonona kama masikio yaliyotegwa, ukangoja mwaka mzima. Yeye alisahau. Mwili haukusahau.

Na nyuki naye? Mwiba wa nyuki una vijino, unabaki kwenye ngozi na kuondoka na sehemu ya tumbo lake, kwa hiyo alikufa chini ya mkahawa ule kwa kuutetea mzinga ambao hakuna aliyekuwa na haja nao. Wawili walikutana asubuhi ile, kila mmoja akailinda nyumba yake kwa nguvu zake zote. Kikulacho ki nguoni mwako, wanasema wazee, nami siku zote nilidhani wanasema juu ya chawa, au juu ya ndugu mbaya. Sikuwahi kufikiri kwamba nguo yenyewe inaweza kula, na kwamba inaweza kula kwa upendo.

Lugha yetu inasifu kufungua. Mtu mwema ana mkono wazi, ana moyo mkunjufu; mchoyo ana mkono wa birika; mwenye kubanabana huyo hatakiwi hata msibani. Nimelelewa katika maneno hayo na sina nia ya kuyaacha, kwa maana nimekula kwenye nyumba nyingi zilizofunguliwa kwa ajili yangu. Lakini tangu zahanati ile nimeanza kukisikia kitenzi kubana kwa sikio jingine. Mkanda unabana ili nguo isianguke. Mama anambana mtoto kifuani njiani pakiwa na magari. Mwashi anabana tofali kwa udongo. Na mishipa ya mwili huu ninaouketisha hapa kuandika imebana tangu nilipozaliwa, bila kunilalamikia, na lau ingekuwa karimu kwa kila kiungo kwa saa moja tu, ikakipa kila kimoja kile kinachokitaka, ubongo ungekuwa wa kwanza kukosa, kwa sababu upo juu, na maji hayapandi mlima bila msukumo. Shangazi alipoyageuza macho yake chini ya mkahawa, mikono na miguu yake ilikuwa imeloweshwa damu kuliko ilivyowahi kuloweshwa. Vidole vilikuwa na joto. Vilikuwa vimejaa, vimeshiba, na hakukuwa na kazi yoyote ya kufanyia shibe hiyo.

Sitaki kusema kwamba kutanuka ndiko kubaya na kubana ndiko kuzuri. Mwili wenyewe unakataa. Histamini ileile inayolegeza misuli ya mishipa ya damu huikaza misuli ya mirija ya hewa, mtu akaanza kupumua kwa mluzi. Wakati mwingine hubana hata ateri zinazoulisha moyo, mahali ambapo pasingefaa kubanwa kabisa. Daktari wa Kigiriki, Nicholas Kounis, alilieleza hilo mwaka 1991, na hali hiyo sasa ina jina lake. Kwa wanyama pia mambo hugeuka. Sungura katika hali hii hubanwa mishipa ya mapafu, upande wa kulia wa moyo ukashindwa kupitisha damu. Mbwa hubanwa vena za ini, na damu hukwama tumboni. Kila kiumbe kina kizibo chake cha kufia. Sharti moja, lita chache za damu, na namna nyingi hivyo za kufungua palipopaswa kufungwa na kufunga palipopaswa kufunguliwa.

Dawa yake ilikuwa kwenye kichupa cha kioo kisichozidi urefu wa kidole changu cha mwisho. Muuguzi aliacha kuutafuta mshipa. Alikishika kichupa kwa pamba, akakivunja shingo, kikatoa mlio mdogo kama wa kijiti kikavu, akavuta nusu yake, yaani nusu mililita, akamfunulia shangazi paja na kumchoma sindano kwa ubavuni, kwenye msuli, bila kusita. Ndani ya nusu mililita ile mlikuwa na nusu miligramu ya adrenalini. Uzito wake ni kama wa punje chache za chumvi unazozidondosha bila kujua unapounga mboga. Mwaka 1894, huko London, George Oliver na Edward Schäfer waliwachoma wanyama maji yaliyokamuliwa kutoka kwenye tezi zinazokaa juu ya figo, wakaona mishipa midogo ikijibana na presha ikipanda. Mwaka 1900 Mjapani Jokichi Takamine na msaidizi wake Keizo Uenaka, katika maabara yao New York, waliitenga dawa yenyewe kwa umbo la fuwele. Ni kitu ambacho mwili wa shangazi ulikuwa tayari unakitengeneza, na saa ile ulikuwa unakimimina kwa nguvu zake zote, ila vizibo vilivyofunguliwa vilikuwa vingi kuliko mikono ya kuvirudishia.

Na hapa pana jambo ambalo hunifanya ninyamaze. Adrenalini ileile hubana mishipa ya damu na kuifungua mirija ya hewa. Tone moja, sindano moja, na kazi mbili zinazopingana, kila moja mahali pake. Mmarekani Raymond Ahlquist alipendekeza mwaka 1948 kwamba siri haipo kwenye ujumbe bali kwa anayeupokea: viungo vina vipokezi vya aina mbili, akaviita kwa herufi za Kigiriki alfa na beta, na kila kipokezi husikia neno lilelile kwa namna yake. Mjumbe hupita mtaani akitamka neno moja. Nyumba hii ikafunga mlango, ile ikafungua dirisha, na zote zimetii.

Nilisema shangazi aliyageuza macho chini ya mkahawa, na sijaeleza kilichotangulia. Alikuwa amelala ubavu kwenye majani, anatusikia, anajibu kwa kichwa. Majirani wakaja mbio. Mmoja akasema, "Mkalisheni apate hewa!" na mwingine akampepea kwa jani la mgomba, nami nikamshika kwapani nikamwinua, nikamwegemeza kwenye shina. Ndipo macho yalipogeuka. Shingo ililegea mikononi mwangu. Tulimwachia kwa hofu, akateleza chini, na baada ya pumzi chache akarudi. Hatukuelewa. Tulidhani ni ugonjwa unaokuja na kuondoka. Mwanamume mmoja akaleta bodaboda, tukashindwa kumkalisha, kwa hiyo akapatikana mwenye pikapu, tukamlaza juu ya magunia matupu. Ni kushindwa huko kumkalisha kulikomfikisha akiwa hai. Mwingereza Richard Pumphrey alikusanya habari za waliokufa kwa anafilaksia nje ya hospitali, na mwaka 2003 akaandika kwamba baadhi yao walikufa muda mfupi baada ya kuinuliwa au kuinuka wenyewe, kuketi au kusimama. Sababu ni ile ya mfongo. Vena zimetanuka, damu kidogo iliyobaki kwenye mkondo inashuka miguuni, haina msukumo wa kuipandisha, na moyo unapiga ukiwa mtupu. Mgonjwa wa namna hii hulazwa chali, miguu ikainuliwa. Kama kinachomtesa zaidi ni pumzi, huachwa akae miguu imenyooshwa mbele, ila hasimamishwi wala hatembezwi. Mlangoni mwa zahanati nilikuwa tayari nimeweka mkono chini ya bega lake nimwinue, na yule muuguzi akapaza sauti ambayo ilinikera wakati ule na ambayo sasa naishukuru kila ninapoikumbuka: "Msimwinue! Mbebeni hivyohivyo!"

Huruma yangu ndiyo iliyomwinua kule shambani. Nimejaribu kuigeuza sentensi hiyo isomeke vinginevyo, haikubali. Nilimpenda, nikamwinua, na dakika nyingine moja ya upendo wa namna hiyo ingenifanya niwe nimemzika. Watu wa mlimani humwinua aliyeanguka. Ni karibu dini. Tangu hapo nimewaeleza wengi, kanisani baada ya ibada, kwenye mnada wa ndizi, kwa vijana wa bodaboda pale njia panda: mtu akidungwa na nyuki, au akila kamba, karanga au korosho, au akichomwa sindano ya penisilini, kisha akavimba midomo na kulegea, mlaze. Mlaze kwanza, halafu tafuta gari. Na nimewaomba wanaohusika, nitaendelea kuwaomba, kichupa kile kisikosekane kwenye zahanati yoyote, maana kimo kwenye orodha ya dawa muhimu ya Shirika la Afya Duniani, si cha anasa, na hakuna kilima kirefu kama kile unachokipanda na mgonjwa ukiambiwa kipo zahanati ya mbele.

Tulilala pale. Muuguzi alisema hali hii ina tabia ya kurudi mara ya pili, saa kadhaa baada ya ile ya kwanza, hata pasipo nyuki mwingine, kwa hiyo nikaketi kwenye benchi kando ya kitanda nikiutazama mkono wa kushoto uliolazwa juu ya shuka. Umeme ulikatika saa 4 usiku, akatuletea taa ya kuchaji. Dripu ilikuwa imepatiwa mahali pa kuingilia, kwenye mkunjo wa kiwiko, baada ya ile sindano ya paja kuanza kazi, na tone lilikuwa linafuata tone, nikawa nayahesabu kama nilivyokuwa nahesabu zamu yetu utotoni. Mgongo wa kiganja ulikuwa bado tambarare. Saa 6 niliona mstari hafifu karibu na kidole cha pete, nikadhani ni kivuli cha taa. Saa 8 ilikuwa mistari miwili. Sikumwambia mtu, wala sikuugusa mkono, kana kwamba ni ndege aliyetua karibu. Kulipokaribia kucha, jogoo wa jirani ameshawika mara ya pili, mishipa yote ilikuwa imerudi mahali pake, ile miwili inayokutana, na ule mmoja unaopotelea kwenye bonde la kidole gumba, imesimama, ya buluu nzito chini ya ngozi yake nyeusi.

Nikaweka ncha ya kidole. Nikabonyeza, mshipa ukalala. Nikaachia, ukainuka, taratibu.

"Umekuwa mtu mzima na bado unachezea mikono ya watu," akasema. Sauti ilikuwa ya kukwaruza, macho bado hayajafunguka yote. Nikashindwa kujibu. Akanyamaza kidogo, akisikiliza kitu huko nje ambacho mimi sikukisikia.

"Leo ni siku gani?"

"Alhamisi, shangazi."

"Basi usikae hapa. Chukua jembe uende. Leo zamu ya maji ni yetu."